Mume wa Kubuni wa Bi Zuwena

Wageni wakija nchini kwetu huniuliza kwa sauti ya chini kama tunachoma vitabu. Huwa nacheka hadi mbavu zinaniuma. Tuchome vitabu, sisi? Sisi wenye Wizara nzima ya Vitabu vya Haki, ghorofa tisa, na lifti inayofanya kazi siku za sherehe? Nchi zinazochoma vitabu ni zile zinazoviogopa. Sisi hatuna hofu hiyo. Sisi tunavisoma, tunavitunuku, tunavitungia mitihani, kisha kila mtu anarudi kwenye shughuli zake.

Wala sitii chumvi. Kitabu chochote kinachozungumzia dhuluma, rushwa, au mnyonge aliyenyang'anywa haki yake, Wizara inakipokea kwa tarumbeta. Kila Ijumaa ya kwanza ya mwezi tuna Kisomo cha Taifa. Viongozi wanakaa chini ya turubai, mmoja anasoma kwa sauti ukurasa wenye uchungu, na waliobaki wanalia. Naibu waziri analia dakika tatu, waziri kamili dakika tano. Anayelia vizuri kuliko wote ni Mkuu wa Polisi. Mwaka juzi tulimsomea sura ya mfungwa anayepigwa, akalia mpaka akazirai, ikabidi shughuli zake za siku ile ziahirishwe. Wafungwa waliokuwa wapigwe mchana walipigwa kesho yake.

Mimi naitwa Gervasi Mtolela, Msomaji Daraja la Pili, chumba namba kumi na nne. Kazi yangu ni kusoma maandishi yanayoletwa Wizarani na kuamua kama ni fasihi au ni karatasi tu. Watu hudhani kazi hiyo inahitaji elimu kubwa. Haihitaji. Sheria ya Kuheshimu Vitabu, kifungu cha saba, inasema andiko lolote lenye zaidi ya kurasa tatu, likimliza Msomaji wa Serikali, ni fasihi na litapelekwa kwenye Kamati. Lisipomliza litarudishwa lilikotoka. Mahakama zetu nazo zimejaa kupita kiasi, kwa hiyo malalamiko yote marefu hupitia kwetu kwanza, ili mahakimu wasipoteze muda wao kuihukumu fasihi.

Nimeifanya kazi hii miaka kumi na tisa. Nina leso kumi na mbili, zote mali ya serikali, zote zina namba.

*

Bi Zuwena alikuja siku ya Jumatano, akiwa na karatasi kumi na moja zilizochanwa kwenye daftari. Alikuwa mwanamke wa makamo, fundi cherehani, na alikuwa amesahau kuondoa pini mbili begani kwenye gauni lake. Alisimama mbele ya meza yangu kama mtu aliyekuja kuchukua kitu chake na kuondoka.

Habari yake ilikuwa hivi. Mumewe, Chande, alikuwa mpima mizigo kwenye ghala la taifa. Siku moja ilikuja shehena ya unga wa shule. Magunia yaliandikwa kilo hamsini. Chande akapandisha gunia la kwanza kwenye mizani, mizani ikasema thelathini na nane. Akapandisha la pili, thelathini na nane. Akasema kwa sauti, mbele ya makuli, "Hili gunia lina kilo thelathini na nane." Akaambiwa mizani ni mgonjwa. Akaletwa fundi, mizani ikafunguliwa, ikasafishwa, ikafungwa, gunia likapandishwa tena. Thelathini na nane. Chande akarudia kusema, maana kazi aliyoajiriwa kuifanya ilikuwa ni kupandisha gunia kwenye mizani na kusema namba anayoiona. Jioni alikamatwa kwa kosa la kuishawishi mizani itoe siri za serikali.

Alikuwa rumande miezi miwili sasa, bila kusomewa mashtaka.

Nilianza kusoma malalamiko yale kwa uangalifu wa kikazi. Ukurasa wa kwanza nilivumilia. Katika ukurasa wa pili aliandika: *Mume wangu anapenda ugali wa moto. Nikichelewa kurudi huula uliopoa na hagombi. Mtu wa namna hiyo hawezi kuishawishi hata paka, sembuse mizani.* Nikaona herufi zinacheza. Nikatoa leso namba nne.

Nililia, ndugu msomaji. Nililia kwa moyo safi, sikuwa naigiza. Mambo yote yaliyofuata yalianzia hapo.

"Dada," nikamwambia nikijipangusa, "hii ni kazi nzuri sana."

"Kazi gani, kaka? Hayo ni malalamiko."

"Nimelia."

"Pole," akasema. "Mimi nalia tangu mwezi wa tatu. Sasa Chande anatoka lini?"

Nikamweleza taratibu. Nikamwambia ameandika fasihi, kwamba hongera, kwamba wapo watu wenye digrii wanaoandika miaka kumi na hawajaniliza hata jicho moja. Alinitazama kama fundi anavyomtazama mteja aliyeleta shati akidai ni suruali.

"Mimi sijaandika kitabu. Nimeandika kwamba mume wangu yuko ndani."

"Hilo nalo ni jina zuri la kitabu," nikasema, nikaliandika pembeni.

Kisha nikachukua muhuri. Kila kazi ya fasihi nchini kwetu sharti igongwe muhuri ule, kila ukurasa, kwa usalama wa mwandishi, asije mtu akajiona humo akamshtaki. Muhuri unasema: WAHUSIKA WOTE KATIKA KAZI HII NI WA KUBUNI. Nikagonga mara kumi na moja. Bi Zuwena aliinama akausoma polepole, midomo ikichezacheza.

"Chande ni wa kubuni?"

"Ndani ya kazi, ndiyo."

"Na nje ya kazi?"

"Dada yangu, mimi nje ya kazi sina mamlaka."

Akasimama kidogo, akachomoa pini moja begani, akairudisha palepale. Kisha akaniuliza aende mlango gani kumfuata Chande, na mimi nikamwonyesha mlango wa kutokea, kwa kuwa ndio niliokuwa na uhakika nao.

*

Kamati ya Vitabu vya Kiada inaongozwa na Profesa Remija, mwanamke msomi aliyeandika vitabu vinne kuhusu wanyonge na ambaye hajawahi kumfokea mtu. Alisoma malalamiko ya Bi Zuwena kwa kikao kimoja. Kamati nzima ililia. Katika wiki tatu, *Mume Wangu Yuko Ndani* kilikuwa kimechapishwa, kimepewa Tuzo ya Haki, na kimetangazwa kuwa kitabu cha lazima kwa kidato cha tatu na cha nne, nchi nzima, kwa miaka mitano.

Uzinduzi ulifanyika kwenye ukumbi wa Wizara, na lifti iliwashwa. Waziri wetu, Mheshimiwa Dakta Sangulo Pepeta, alitoa hotuba ambayo hadi leo naikumbuka.

"Ndugu wananchi! Taifa lisilo na vitabu vya haki ni taifa lililokufa! Tazameni mwandishi huyu, mama wa kawaida, fundi wa kawaida, amebuni mhusika, amembuni Chande! Chande mkweli! Chande anayesema thelathini na nane wakati dunia nzima inasema hamsini! Nawauliza, tunao akina Chande wangapi nchini? Wachache! Tunawahitaji! Kila mtoto wa nchi hii awe Chande!"

Watu walipiga makofi, na makuli kadhaa wa ghala la taifa walioletwa kwa basi walipiga kwa nguvu zaidi, kwa sababu msimamizi wao alikuwa amekaa nyuma yao.

Bi Zuwena akaitwa kwenye kipaza sauti. Alikuwa amevaa kitenge kipya alichopewa na Wizara. Akasema maneno machache tu: "Naomba mume wangu atolewe."

Ukumbi mzima ukasimama. Kina mama wakapiga vigelegele. Waziri alimshika bega, akawageukia watu machozi yakimlengalenga. "Mmeona? Hata nje ya kitabu, mwandishi anaendelea kuzungumza kwa sauti ya mhusika wake! Hicho ndicho kipaji!"

Baadaye watu walipanga foleni ya sahihi. Mkuu wa Polisi, yule bingwa wa kulia, alikuwa wa kwanza. Yeye ndiye aliyeweka sahihi kwenye hati ya kumkamata Chande, lakini husaini hati nyingi kwa siku na si rahisi kukumbuka zote. Bi Zuwena alimwandikia: *Kwa Afande. Mtoe Chande.* Afande alisoma, akakibana kitabu kifuani, akamwonyesha mkewe. "Ameniandikia mimi mwenyewe! Kwa mkono wake!"

Mimi nilikuwa karibu, nimeshika sinia la sambusa. Nilimwona Bi Zuwena akimtazama Afande akiondoka, na nikaona haya sana. Nilikula sambusa mbili.

*

Kwa mujibu wa waraka, kila ofisi ya umma hupewa nakala mbili za kitabu cha lazima, na watumishi wote hukisoma. Magereza nayo ni ofisi ya umma.

Pale gerezani kulikuwa na askari mmoja, Sajini Ngwale, ambaye tangu mwanzo alikuwa akipokea kikapu cha chakula cha Bi Zuwena kila Jumamosi na kukifikisha bila kumega hata kipande. Mtu wa kumwamini kabisa. Jumamosi moja baada ya uzinduzi, Bi Zuwena alifika, akakuta Sajini amesimama langoni na kitabu kwapani, uso umemshuka.

"Mama, tumekisoma. Kitabu kitamu. Mimi nimekirudia mara mbili."

"Asante, Sajini. Kikapu hiki hapa. Leo nimemwekea na dagaa."

"Ndiyo hapo sasa, mama." Sajini akafungua ukurasa wa kwanza, akamwonyesha kwa kidole. "Humu wameandika ni wa kubuni. Watu wa bohari wameshaliona neno hilo. Hawawezi kumtolea posho ya chakula mtu wa kubuni, mkaguzi akija atauliza. Wamemkata kwenye orodha tangu Jumatatu."

"Kwani humo ndani hayumo?"

"Yumo. Namsikia akikohoa."

"Basi mpe hiki changu."

"Mama, si kwamba sitaki. Waraka unasema mwandishi asiingilie maisha ya mhusika baada ya kuchapishwa." Akatazama nyuma, akashusha sauti. "Wenzake wa selo wanammegea. Usiwe na wasiwasi sana. Wanammegea kidogokidogo."

Bi Zuwena alikuja moja kwa moja chumba namba kumi na nne na kikapu chake, akakiweka juu ya meza yangu. Dagaa walikuwa bado wana joto. Akanieleza yote bila kupaza sauti. Kisha akasema, "Kaka, wewe ndiye uliyegonga. Futa."

Nilimweleza kwamba muhuri haufutiki, ni wino maalumu. Lakini nisiseme sikufanya kitu. Niliandika dokezo kwenda kwa Profesa Remija, kurasa mbili na nusu, nikiomba kwa heshima na taadhima mhusika Chande aachiwe, au angalau apewe chakula, kwa misingi ya utu.

Jibu lilikuja baada ya wiki nne. Profesa alisema ameguswa. Alisema yeye binafsi hawezi kulala akimfikiria Chande. Hata hivyo, maswali ya mtihani wa taifa yalikwisha kutungwa na kufungwa kwa lakiri, na swali la nne linasema: *Eleza mateso matano ambayo Chande anaendelea kuyapata gerezani.* Chande akitoka, au akila, mateso yatabaki matatu, na watahiniwa elfu sitini na mbili watakuwa wamefundishwa uongo. Je, Bwana Mtolela yuko tayari kuwadhulumu watoto elfu sitini na mbili kwa ajili ya mtu mmoja?

Sikuwa tayari. Nilipiga moyo konde nikaliweka jibu hilo kwenye faili.

Muhula ule shule zilianza ziara za kimasomo kwenda gerezani, kuangalia mandhari ya kitabu. Haya nayasimulia kama Sajini Ngwale alivyonisimulia, alipokuja Wizarani kuomba ahamishwe kituo. Wanafunzi walipangwa mstari mbele ya selo, madaftari mkononi. Mwalimu akasema, "Tazameni mhusika mkuu. Mnaona nini?" Mmoja akasema amekonda. Mwalimu akasema, "Andikeni: mwandishi ametumia taswira ya mifupa." Wakaandika. Msichana mmoja akasema, "Mwalimu, anaomba maji." Mwalimu akasema, "Vizuri sana. Andikeni: anaomba maji, ni ishara ya kiu ya haki."

"Wote waliandika?" nikamuuliza Sajini.

"Wote. Halafu waliondoka, basi lilikuwa linapiga honi."

Sajini hakuhamishwa kituo.

*

Mwaka ule ulipokaribia kwisha, Kamati iligundua jambo lililowatia fadhaa kubwa. Kitabu hakikuwa na mwisho. Bi Zuwena alikuwa amemalizia na maneno *Naomba msaada wenu, ni mimi Zuwena*, na walimu walikuwa wanalalamika kwamba huwezi kufundisha mwisho wa hadithi kwa salamu. Ikaamuliwa litolewe Toleo la Pili, lenye sura ya mwisho.

Nilipopewa barua ya kumwita, nilifurahi sana. Nilikuwa nimeona kitu ambacho hakuna mwingine aliyekiona. Bi Zuwena alipoingia nikafunga mlango.

"Dada, kaa. Sikiliza. Ofisi zote za serikali zinatakiwa kwenda sawa na kitabu cha lazima. Magereza pia. Wewe ndiye unayeandika mwisho. Umenielewa? Utakachokiandika, wao watakifuata."

Alikuwa amepungua sana tangu siku ile ya kwanza.

"Niandike anatoka?"

"Andika anatoka."

Aliandika palepale, kwenye kona ya meza yangu, na hakufuta neno hata moja. *Jumamosi asubuhi walimfungulia. Alitembea kwa miguu hadi nyumbani kwa sababu alitaka kuona njia. Nilimpa maji akanawa miguu. Akauliza, kuna ugali? Nikasema upo, ni wa moto. Akala, akasinzia palepale kitini, na mimi sikumwamsha.*

Nikasoma. Kwa mara ya kwanza katika miaka kumi na tisa nilisoma kitu chumbani mle nikatabasamu, na hapo ndipo nikashtuka, kwani kifungu cha saba kinataka machozi. Hapo nilifanya jambo ambalo sijawahi kulifanya kabla wala baada yake. Nikachovya leso namba sita kwenye glasi ya maji, nikaambatisha kwenye karatasi kama ushahidi, nikagonga muhuri. Nilimwona Bi Zuwena anacheka, kicheko kidogo cha puani, na nilijisikia mtu.

Kamati ilikutana Alhamisi. Bi Zuwena aliketi mwisho wa meza na mimi nilikuwa nyuma yake, mwandishi wa kumbukumbu. Profesa Remija aliisoma sura ile kwa sauti yake laini hadi mwisho, akavua miwani.

"Bi Zuwena, mwanangu. Ni tamu. Ila haiakisi jamii."

"Haifanyi nini?"

"Fasihi ni kioo. Mwandishi mwaminifu haandiki anayoyatamani, anaandika yaliyopo. Nikuulize kwa wema tu. Katika jamii yetu hii, tangu uzaliwe, umemwona nani aliyetoka?"

Wajumbe waliangalia meza, kila mmoja akijaribu kwa dhati kumkumbuka mtu aliyetoka. Hakupatikana.

"Basi andikeni hajatoka," Bi Zuwena akasema. "Andikeni bado yumo. Ila mwandikieni na chakula. Mstari mmoja tu. Andikeni, akala."

"Hapo tena mvutano unalegea," akasema mjumbe mmoja.

Wakajadiliana kwa saa mbili. Nitawatendea haki: walijadiliana kwa uchungu. Mjumbe mmoja alipendekeza Chande apate kichaa, akapingwa kwa kuwa kichaa kilikwisha kutumika katika kitabu cha kidato cha pili. Mwishowe Profesa Remija akasema, na sauti yake ilikatika, kwamba kitabu hiki kitaishi tu kama Chande atakufa. Kwamba watoto watakikumbuka. Kwamba dhuluma haitasahaulika kamwe. Wakapiga kura kwa kunyoosha mikono. Njaa, kimya kimya, bila kumlaumu mtu.

Bi Zuwena akasimama, kiti kikaanguka. "Jamani, yu hai! Yule mtu yu hai! Anakohoa! Mwulizeni Sajini, anakohoa!"

"Andika hiyo, Bwana Mtolela," akasema Profesa akijifuta macho. "Inaweza kutufaa kwenye dibaji."

Niliiandika.

Kazi ya kupiga chapa sura ya mwisho ilikuwa yangu. Nilikaa peke yangu na mashine. Nadhani mnajua kwamba neno *alitoka* lina herufi saba, na *alifariki* lina herufi tisa. Vidole vyangu vilikuwa vinajua. Hakuna mtu angesoma nakala ile kabla haijaenda kiwandani. Kamati husoma mara moja tu. Ningepiga herufi saba na kwenda nyumbani. Lakini nilikuwa nimebakiza miaka minne nistaafu, na kuna leso moja ambayo tayari nilikuwa siwezi kuitolea maelezo. Nikapiga tisa. Kamati haikutaja siku, ilisahau. Nikaweka Jumanne, kwa sababu Jumatatu magereza yana gwaride la bendera na wasingepata nafasi.

*

Barua ya Magereza ilifika Wizarani siku kumi baada ya Toleo la Pili kusambazwa. Ilikuwa fupi. *Tunakiri kupokea nakala mbili. Tumelinganisha maandishi na hali halisi, na kuanzia Jumanne hakuna tofauti.* Waziri aliisoma barua hiyo kwenye Kisomo cha Taifa kama mfano wa utumishi uliotukuka. Alilia dakika saba.

Bi Zuwena alikwenda kuomba mwili. Aliambiwa mhusika hana mwili. Akapewa nakala moja yenye jalada gumu, na Sajini Ngwale, ambaye ndiye aliyemkabidhi, hakuweza kumtazama usoni. Majirani walikaa matanga siku tatu nyumbani kwake. Mimi nilifika siku ya pili na kilo mbili za sukari, nikakaa na wanaume nje. Hakuna aliyeniuliza mimi ni nani. Bi Zuwena alipita mara moja akielekea uani, akaniona, akaendelea na njia yake.

Mtihani wa taifa ulifanyika mwezi wa kumi na moja. Usahihishaji tunaufanya katika ukumbi ule ule wa Wizara, watu mia mbili, meza ndefu, chai saa nne. Msahihishaji hafikiri, ana mwongozo wa majibu mbele yake, na hiyo ndiyo haki yenyewe, kwamba mtoto wa waziri na mtoto wa kuli wanapimwa kwa jibu moja. Mimi nilipewa swali la tano, lililoongezwa baada ya Toleo la Pili. *Nani aliyemuua Chande? (Alama nne.)* Jibu katika mwongozo ni neno moja: *Jamii.*

Nilisahihisha siku mbili mfululizo. Jamii, nne. Jamii, nne. Wengine waliandika *jamii kwa ujumla*, nikawapa nne vilevile. Vijana wetu wanajua. Nilijivunia nchi yangu, nasema kweli, maelfu kwa maelfu ya watoto wote wakijua wazi kwamba mtu aliuawa na wote wakikubaliana kwamba hakuuawa na yeyote.

Siku ya tatu nikafungua karatasi ya mtahiniwa wa kujitegemea, wale watu wazima wanaojisajili wenyewe. Juu ilikuwa na namba tu. Lakini mwandiko niliujua. Nilikuwa nimepiga chapa kurasa kumi na moja kutoka kwenye mwandiko ule.

Nikasoma na majibu yasiyokuwa yangu, jambo lisiloruhusiwa. Swali la kwanza lilitaka sifa mbili za Chande. Mwongozo unasema jasiri na mwadilifu. Yeye aliandika: *Ana kovu kwenye goti la kushoto. Akicheka hufunika mdomo.* Mwenzangu wa swali la kwanza alikuwa ameshampa sifuri. Swali la nne, lile la mateso, alikuwa ameliacha wazi.

Kwenye swali la tano aliandika: *Gervasi Mtolela, Msomaji Daraja la Pili, chumba namba kumi na nne.*

Niliitazama ile karatasi mpaka chai ikaja, ikapoa. Mwenzangu wa kulia aliniuliza kama ninaumwa, nikamwambia ni macho. Kisha nikauchukua mwongozo nikausoma tena, mstari kwa mstari, mbele na nyuma, nikitafuta kama jina langu limo mahali popote, hata pale chini wanapoandika *au jibu lolote litakaloshabihiana na hilo*. Nilitaka liwemo. Mungu ni shahidi, asubuhi ile nilitaka sana liwemo.

Halikuwamo. Nikampa sifuri, nikavuta karatasi iliyofuata. Ilisema jamii. Nikaipa nne.